Shania Twain: kilichoibeba albamu ya pili

Mkuu, umeuliza kwa nini The Woman in Me (1995) ya Shania Twain, mwimbaji wa muziki wa kantri kutoka Kanada, ilitamba wakati albamu yake ya kwanza, ya 1993, ilidoda. Angalia majina ya watunzi. Kwenye ya kwanza alishiriki kutunga wimbo 1 tu, mingine alipewa. Ya pili karibu yote alitunga na mumewe wa wakati huo, Mutt Lange, prodyuza aliyetokea kwenye roki (bendi kama AC/DC na Def Leppard). Ndiyo maana ngoma zinagonga vile. Singo ya kwanza isikudanganye, iliishia namba 11 kwenye chati ya kantri. "Any Man of Mine" ndiyo ya kwanza kufika namba 1. Ziara hakufanya, lakini Marekani peke yake albamu hiyo ilithibitishwa kufikisha nakala milioni 12, na 1996 akabeba Grammy ya albamu bora ya kantri.