Moto uacheni mjini: kwa wanaoanza kulala porini

Wadogo zangu mnaoanza kutembea na kulala porini, karibuni. Naona wengi mnauliza kwanza habari za hema: lipi jepesi, lipi halipitishi maji, linauzwa wapi hapa Lushi (Lubumbashi). Hema mtaazima. Kwetu Katanga, kusini mwa Kongo, neno la kwanza ni moto, na hapo nitakaa sana.

Pori letu ni miombo, yaani miti iliyoachana yenye majani ya nyasi chini yake. Kuanzia Mei mpaka Septemba mvua hakuna, na majani hayo ya chini hukauka yakiwa wima, mengine marefu kuliko mtu. Septemba inapoelekea Oktoba, kabla hata ya mvua ya kwanza, miti inachipua majani mapya mekundu, na ndipo kila mtu anataka kwenda kupiga picha. Hicho ndicho kipindi kibaya kuliko vyote. Moto wa Mei au Juni hupita chinichini kwa sababu majani bado yana unyevu, na miti mingi inapona. Moto wa mwisho wa kiangazi unakuta kila kitu kikavu, upepo unavuma, machipukizi ndiyo kwanza yametoka. Unaua miche, na ukirudia mahali palepale mwaka baada ya mwaka, miti inapungua, panabaki majani matupu. Mtakuta vijiji vinavyochoma mapema kwa makusudi, ili moto mkubwa wa baadaye ukose cha kula. Hiyo ni kazi ya wenyeji wanaojua upepo wao, msiwaige.

Kwa hiyo tunapotoka pamoja, kuanzia Agosti mpaka mvua ishike vizuri, hatuwashi kitu. Wavuta sigara nao wanasubiri. Tunakula vya baridi: mkate, karanga, mihogo iliyochemshwa nyumbani, samaki wa kukaanga, ndizi. Usiku mmoja bila bukari (ugali) hauui, ingawa kila safari yupo anayebisha.

Miezi mingine, jiko dogo la gesi ndilo bora. Asiye nalo abebe mbabula, yaani jiko la makala (mkaa), aiweke juu ya jiwe au udongo mtupu, na makala yawe ya chungu kimoja tu. Makala hayo nayo ni miombo iliyokatwa. Biashara yake imeshasukuma pori mbali na mji, kwa hiyo msijidanganye kwamba mkiyanunua sokoni hamjagusa mti. Kuokota kuni zilizolala chini kunaonekana hakuna ubaya, lakini karibu na kijiji kuni hizo zina wenyewe: kuna mama atakayezifuata asubuhi na kukuta mmezimaliza kwa kuota moto na kupiga hadithi.

Kuzima ni somo lake. Wengi hufukia kwa udongo na kuondoka. Udongo unatunza joto. Kaa linaendelea kuishi chini, linaweza kushika mzizi mkavu, na kesho yake upepo ukifunua, moto unaanza nyinyi mkiwa mmeshafika nyumbani. Mwaga maji, koroga, mwaga tena, kisha sogeza mgongo wa mkono karibu na majivu, na mwisho uyaguse. Kama huwezi kuacha mkono hapo, hujazima. Na kama maji mliyobaki nayo hayatoshi kuzima, basi hayakutosha kuwasha.

Mtaniambia Juni na Julai usiku ni baridi. Ni kweli, na kule juu kwenye uwanda wa Kundelungu ni baridi zaidi. Bebeni blanketi la pili na sponji ya kulalia, maana baridi kubwa inatoka chini. Msipige hema bondeni kwenye majani laini hata kama panavutia: hewa baridi hushukia huko, na ardhi ile yenye maji ndiyo chanzo cha vijito. Mkiikanyaga watu kumi kwa siku mbili, inabaki tope.

Choo: shimo la sentimita 15 hadi 20, mbali na maji hatua 70 au zaidi, kisha lifukiwe. Sabuni isiingie mtoni, hata ile inayoitwa ya asili. Chota maji, kaogee mbali. Chini ya mto kuna watu wanaokunywa.

Sasa vilima vya shaba. Mtaviona kwa mbali: kilima hakina miti, kina majani mafupi na maua tu, kwa sababu shaba iliyomo udongoni inaitia mizizi ya miti sumu. Kuna mimea inayoota kwenye udongo huo wa Katanga na haipatikani kwingine duniani. Haumaniastrum katangense, mmea wa maua wa vilima hivyo, ilitumiwa zamani na watafuta madini kama ishara ya shaba. Vilima vingi vimeshaliwa na migodi, kwa hiyo vichache vilivyobaki visiwe uwanja wa hema. Piteni kwa mstari mmoja, msichume, na malakiti, lile jiwe la kijani lenye shaba, mkiiona iacheni. Tena angalieni miguu: mashimo ya wachimbaji hufichwa na majani, na sehemu nyingine ni za kampuni zenye walinzi.

Kabla ya yote hayo, pitieni kwa chifu. Semeni mko wangapi, mnalala wapi, mnaondoka lini. Kundelungu, ambayo ni mbuga ya taifa tangu 1970, ruhusa inatoka kwa ICCN, taasisi ya serikali inayosimamia mbuga, na hampandi bila mlinzi wa mbuga. Maporomoko ya Lofoi, yaliyo humo, yanashuka zaidi ya meta 300, lakini kiangazi kikikolea maji hupungua sana. Anayetaka kuyaona yamejaa aende mvua zinapoisha, mwezi wa nne au wa tano, akijua barabara itamtesa.

Siku ya kurudi, kila mtu abebe chupa na mifuko yake mpaka mjini. Msiombe kijiji kiwatupie. Hakuna gari la taka kule, wataichoma tu. Kisha mmoja wenu arudi kwa chifu amwambie mmeondoka wote.