Jibu: maharage, nijaze stoo sasa au nisubiri?

Aleikum salaam ndugu yangu wa Chake Chake, Pemba. Umeuliza ujaze stoo sasa hivi Aprili bei ikiwa juu au usubiri, na ya mwaka jana yalikubungukia yote, yakatobolewa na wadudu. Pole sana, hasara hiyo naijua.

Mimi nanunulia sokoni Tandale, Dar es Salaam, navusha na boti ya mizigo. Usijaze sasa, chukua ya wiki mbili tatu tu. Mzigo mkubwa wa Nyanda za Juu Kusini, Mbeya na Rukwa huko, unavunwa Juni Julai, hapo ndo bei inalegea. Ila usilale, maana nchi inalima zaidi ya tani milioni 1 kwa mwaka lakini hatuli sisi peke yetu, wanunuzi wa Kenya nao wanapakia, ukichelewa unakuta yale ya njano yashapanda.

Kuhusu kubunguka, kwanza angalia unyevu. Tia chumvi kavu kwenye chupa kavu, mimina maharage, tikisa, iache robo saa. Chumvi ikiganda pembeni ya chupa basi mabichi hayo, yaache. Halafu tia mkono mpaka katikati ya gunia, ukitoka na unga unga au punje zenye vitundu, fukusi washaingia shambani huko huko. Mimi sasa naweka kwenye mifuko ya kinga njaa, ile ya matabaka isiyopitisha hewa, nafunga kila tabaka peke yake, hewa itoke yote.

Na pima kwa mizani, lumbesa, yaani gunia lililojazwa kupita kiasi, usikubali kabisa.