Barua kwa mwanangu: anza na kaburi la Omuri

Mwanangu mpendwa,

Huku hatujambo, mvua zimeanza. Kurasa zako za Omuri, yule mwanafalsafa uliyembuni kwa hadithi yako, nimezisoma zote, pamoja na yale maneno arobaini ya hekima uliyoyapanga mwishoni. Unauliza kwa nini wenzako wanakubali visiwa vyako vinavyoelea angani, lakini mwanafalsafa mwenyewe hawamwamini.

Ni kwa sababu umemwandika akiwa hai tu. Mtu wa aina hiyo humfikia msomaji kupitia waliobaki, na waliobaki hawakubaliani. Socrates hakuacha kitabu. Alinyweshwa sumu Athens mwaka 399 KK, na tunayemjua leo ni wa wanafunzi wake, Plato na Xenophon, na hao Socrates wawili hawafanani sana. Jalaluddin Rumi, mshairi na mwalimu wa Kisufi, alifariki Konya, Uturuki ya leo, mwaka 1273. Tarika ya Mevlevi, yaani chama cha wafuasi wake, ilikuja kupangwa baada yake, na mwanawe Sultan Walad ndiye aliyeifanya kazi kubwa. Kwa hiyo geuza mpango wako: andika kwanza kaburi lake miaka 200 baada ya kifo, ndipo urudi kwenye maisha.

Unapoandika kaburi, usianze na ukuta na taa. Anza na kazi. Nani ana ufunguo, nani anafagia, sadaka inaingia mfuko wa nani? Tazama Kasubi, makaburi ya wafalme wa Buganda huko Kampala. Ndani ya paa la Muzibu Azaala Mpanga, nyumba kuu ya makaburi hayo, kuna pete 52 kwa ajili ya koo za Buganda, kuezeka ni kazi ya ukoo wa Ngeye, na wanaolinda ndani ni wanawake wenye vyeo vyao. Nyumba ile ilipoungua Machi 2010, swali la nani aezeke lilikuwa na jibu lake tangu zamani. Kaburi la Omuri halina mgao kama huo, ndiyo maana linasomeka kama picha ya kalenda. Umeandika kwamba siku ya kumbukumbu wanafika mahujaji 300 na kulala. Piga hesabu: nusu kilo ya unga kwa kila mtu kwa siku ni kilo 150 za posho, bado kuni na maji, tena juu ya kisiwa kinachoelea. Anayeleta unga huo ndiye mwenye sauti kaburini, hata kama kitabu cha Omuri hajakigusa. Mtafute huyo mtu, umpe sura nzima.

Masalia nayo yana wenyewe. Ya Kibuuka, mungu wa vita wa Baganda, yalichukuliwa hadi makumbusho ya Chuo Kikuu cha Cambridge, yakarudishwa Uganda mwaka 1962. Jiulize ya Omuri yako wapi, na nani anayadai.

Sasa mafundisho, ambapo una mali na hujaitumia. Omuri anasema jina la mtu ni mkopo, akifa lirudishwe. Neno zuri sana hilo, ila umeliacha kama pambo. Lipeleke sokoni uone linavyovuruga mambo. Lirudishwe kwa nani? Mwanafunzi mmoja alisikia “kwa aliyekupa”, yaani jina lirudi kwenye ukoo apewe mjukuu, kama majina ya koo yanavyofanya huku kwetu. Mwingine alisikia “kwa maji”, yaani lisitamkwe tena kamwe. Wote wawili walikuwepo, na hakuna mwongo. Baada ya miaka 200, vijiji vya kundi la kwanza vimejaa akina Omuri, na kundi la pili halithubutu kumtaja, wanasema “Yule”. Mtoto wa ndoa ya mchanganyiko ataitwaje? Mkopeshaji amdai nani, ikiwa jina la marehemu haliruhusiwi kusemwa mbele ya hakimu? Naona upande wa pili hakuna anayekopesha bila kushika ng’ombe rehani. Ukionyesha ng’ombe mmoja akiswagwa kutoka ua wa mjane kwa deni lisilo na jina, msomaji atayaelewa mafundisho bila mtu kuhubiri.

Hapo utapata pia sababu ya mfalme kumchukia. Uliyoandika, kwamba “aliiogopa hekima yake”, haitoshi. Wafalme wanaogopa kupoteza kodi, askari au nasaba. Siku ya kutawazwa, majina ya baba zake yote husomwa. Ikiwa yamerudishwa kwa maji, yeye ni mwana wa nani?

Ukishafika hapo, maisha yake yatajipunguza yenyewe. Kwa kizazi cha miaka 25, miaka 200 ni vizazi 8. Kinachopona midomoni kwa muda huo ni ushairi, nyimbo, matusi, majina ya mahali na miiko ya chakula. Hotuba yako ya kurasa tatu mlimani haiponi, labda iwe iliandikwa, na hapo sema iliandikwa juu ya nini. Ukiamua ngozi ya mbuzi moja inatoa karatasi nne, kitabu cha karatasi 80 kimekula mbuzi 20. Mwanafunzi mwenye mbuzi 20 wa kuchinja hakuwa maskini, na kitabu kitasema ya matajiri. Maskini watakuwa na nyimbo, zikikipinga kitabu hicho.

Ile miaka 19 hadi 31 uliyoijaza safari na walimu, ifute yote. Acha pengo, kila kundi lilizibe kwa namna yake. Miujiza saba pia imezidi. Bakiza mmoja, na shahidi wake awe mtu aliyefaidika nao.

Katika yale maneno arobaini, bakiza saba. Kosa la maneno hayo ni kwamba yote ni mazuri, na mengi yangeweza kusemwa na mzee yeyote barazani. Mawili kati ya hayo saba yawe ya kuwaaibisha wafuasi: alipomkana rafiki, au alipotoa jibu la kijinga. Watu hawabuni aibu ya mwalimu wao, kwa hiyo msomaji huyaamini upesi. Mwiko mmoja usieleweke. Wafuasi wa Pythagoras, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, walikatazwa maharage, na sababu bado inabishaniwa. Hata wao waligawanyika, wengine wakishika yaliyosikiwa, wengine elimu ya hesabu. Omuri naye akataze kitu cha jikoni, nawe usieleze.

Sura ya kaburi ikiwa tayari nitumie, hata kama ni rasimu. Ile ya kuzaliwa iache kwanza. Dada yako anauliza kama ng’ombe wa huko wana majina, maana kama wanayo, nao wanadaiwa. Mjibu wewe.

Mama yako