Kutoa, kupeleka au kufikisha dawa?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Mimi ni muuguzi, niko Morogoro. Niliombwa kutafsiri kipeperushi kuhusu utafiti wa magonjwa ya moyo, nikaandika "mbinu mpya za utoaji wa dawa kwenye moyo". Ndugu wa mgonjwa mmoja alipokisoma akaniuliza, "Kwani mzee aliwekewa dawa gani mbaya hata mnataka kuitoa?" Nimekosea wapi?

JIBU: Marahaba. Huyo ndugu amesoma Kiswahili sawasawa, wala usimcheke. Kitenzi "toa" kina pande mbili. Anayetoa sadaka anampa mtu. Anayetoa jino analing'oa. Famasi wakibandika tangazo "tunatoa dawa kuanzia saa mbili asubuhi", hakuna atakayebabaika. Utata unaingia ukishataja mahali. Kutoa mwiba kwenye mguu, kutoa maji kwenye mtumbwi: hapo mahali panapotajwa ndipo kitu kinapotoka. "Kutoa dawa kwenye moyo" ikaangukia kundi la mwiba.

Wapo wanaokimbilia "usambazaji wa dawa". Hilo waachie Bohari ya Dawa na malori yake.

Wengi wataridhika na "kupeleka". Si kosa, ila halitoshi. Mtu akikuambia "nimepeleka salamu zako", bado una haki ya kuuliza, "Zimefika?" Kupeleka ni safari, kufikisha ni safari pamoja na mwisho wake. Na watafiti wa jambo hili wanahangaika na huo mwisho hasa. Chukua nitrogliserini, dawa ya maumivu ya kifua ambayo madaktari wameitumia tangu karne ya 19. Mgonjwa akiimeza, inapita kwenye ini kwanza, na sehemu kubwa inaharibiwa humo kabla haijaingia kwenye mzunguko wa damu. Ndiyo maana anaambiwa aiweke chini ya ulimi, iingie kwenye damu moja kwa moja. Kidonge kilichomezwa kimepelekwa. Kilichoyeyuka chini ya ulimi ndicho kilichofikishwa.

Kuna daktari kijana wa Ujerumani, Werner Forssmann, ambaye mwaka 1929, mjini Eberswalde, alijiingizia mpira mwembamba kwenye mshipa wa mkono, sentimita 65 nzima, akaenda kwa miguu yake hadi chumba cha eksirei ili picha ionyeshe kama umefika kwenye moyo. Ulifika. Alikuwa akitafuta njia salama ya kumfikishia dawa mgonjwa aliye hatarini, badala ya kumchoma sindano ya kifua hadi kwenye moyo. Tuzo ya Nobel akaipata 1956. Mtu aliyejisukumia mpira hadi ndani ya moyo wake anastahili kitenzi chenye "fika" ndani yake.

Usije ukaifuta "toa" kila mahali, lakini. Stenti, kile kibomba cha wavu wa chuma kinachowekwa kwenye mshipa wa moyo baada ya kuuzibua, siku hizi nyingi hupakwa dawa inayotoka polepole ili mshipa usizibe tena. Hapo andika "stenti inayotoa dawa" bila wasiwasi, kwa sababu stenti yenyewe ndiyo chanzo, kama chemchemi inayotoa maji. Mimi ningeongeza "kidogo kidogo", maana bila hayo maneno msomaji ataona bomba limefunguliwa.

Kuhusu umbo la neno: "ufikishaji" ni sahihi, ila ni neno la mezani, zito mdomoni. Kipeperushi kinasomwa na mtu aliyekaa kwenye benchi akisubiri kuitwa, kwa hiyo andika "mbinu mpya za kufikisha dawa kwenye moyo".

Nimeacha "kwenye moyo" yako kama ilivyo. "Moyoni" ni fupi zaidi na kisarufi haina dosari, lakini imezoea kubeba huzuni, siri na mapenzi. Anayesema ana maumivu moyoni huenda amefiwa au ameachwa. Mwenye maumivu ya moyo ndiye tunamkimbiza hospitali. Ukiandika "dawa iliyofika moyoni", wasomaji wako wa Morogoro watasikia taarabu.