Maji Haya Yanatoka Kwetu

Ndugu Mhariri,

Wiki hii mmetuuliza wasomaji: kitabu gani cha historia ya dunia tungempa kwanza mtoto wa miaka 12? Nimelisoma swali hilo mwaloni Kirumba, hapa Mwanza, nikiwa nimekaa juu ya gunia la dagaa namsubiri mteja wa Kahama, nalo limenichoma mahali ambapo sikujua kama pana kidonda. Mkaongeza mifano yenu mitatu ya vitabu visivyochuja: cha Hendrik Willem van Loon cha mwaka 1921, zile barua za Jawaharlal Nehru wa India, na cha Ernst Gombrich cha 1935. Nikataka kuwajibu hapo hapo kwa simu, kwa sentensi moja, kwamba si kimoja katika hivyo. Nashukuru mteja alifika.

Sababu yangu ya kwanza bado naiona ina uzito. Tazameni vitabu hivyo viliandikiwa nani. Van Loon, Mholanzi aliyehamia Marekani, aliwaandikia wanawe wawili na majina yao akayatia mwanzoni. Nehru alikuwa gerezani chini ya Waingereza akamwandikia bintiye Indira barua 196, ya kwanza Oktoba 1930 binti alipofikisha miaka 13. Gombrich alikuwa kijana wa Vienna asiye na kazi, akaandika sura moja kwa siku, kitabu kikaisha kwa wiki sita. Lakini kabla ya hapo alikuwa ameshazoea kumwandikia barua mtoto mdogo wa rafiki zake, akimweleza kwa lugha nyepesi mambo aliyokuwa akiyasoma chuo kikuu. Kila mmoja alikuwa na mtoto mbele ya macho yake, mtoto mwenye jina. Nadhani ndiyo maana vitabu vyao vimeishi. Sasa mtoto wa Bugarika, mtaa wetu wa mawe hapa Mwanza, anayeteremka mawe asubuhi na ndoo kichwani, alikuwa mbele ya macho ya nani?

Kwa hiyo jibu nililolianza usiku ule lilikuwa Kitereza. Mzee Aniceti Kitereza wa Ukerewe aliandika riwaya kubwa ya Myombekere na Bugonoka kwa Kikerewe, akaimaliza mwaka 1945, akaitafsiri mwenyewe kwa Kiswahili, nacho Kiswahili hicho kikachapwa 1980. Mwaka uliofuata akafariki. Miaka 35 mtu anangoja kitabu! Ni riwaya, si historia, lakini mtoto anaona humo watu walivyoishi kando ya ziwa hili kabla Mzungu hajafika: walivyovua, walivyoposa, walivyouguzana, walivyotozana pombe kama faini ya kurudisha mke. Nikaandika kwamba mtoto aanze hapo, aijue nyumba yake kwanza, dunia itamkuta mlangoni.

Nikakwama. Maana mimi mwenyewe sikuanza hapo. Nilianza na kile kile cha van Loon, na tena ilikuwa Ukerewe.

Ilikuwa likizo ya Desemba 1987, nina miaka 11. Mama alinipandisha meli ya Nansio na kapu la sukari na sabuni za bibi, vitu ambavyo wakati ule havikuwa rahisi kupatikana. Mjomba, kaka yake mama, alikuwa mwalimu wa shule ya msingi kisiwani. Alinipokea bandarini na baiskeli ya Phoenix, akanibeba nyuma, na njiani kote aliniuliza hesabu za kichwa.

Kitabu hakikuwa na jalada. Mjomba alikinunua Mwanza kwa mtu aliyekuwa akiuza vitabu vilivyotumika, chini, juu ya turubai. Kilikuwa cha Kiingereza, chenye picha zilizochorwa kwa wino kama mtu aliyekuwa na haraka, na mjomba aliniambia michoro hiyo ni ya mwandishi mwenyewe. Hilo lilinishangaza kuliko yote, kwamba mtu mzima aliyeandika kitabu kinene anaweza kuchora vibaya namna ile na hakuna aliyemchapa.

Usiku tukishakula ugali wa udaga, mjomba alivuta koroboi karibu, anasoma mstari kwa macho, ananyamaza, halafu anautoa kwa Kiswahili. Neno likimshinda alilitoa kwa Kikerewe, na bibi alimsahihisha. Bibi hakujua kusoma. Alikaa pale pale anamenya mihogo ya kesho, na ndiye aliyekuwa na maswali mengi kuliko mimi.

Kitabu kile kinafungua na mwamba. Kaskazini ya mbali kuna mwamba wenye urefu wa maili 100 kwenda juu na upana wa maili 100. Kila baada ya miaka 1,000 ndege mdogo anakuja kunoa mdomo wake juu yake. Siku mwamba huo utakapokuwa umelika wote kwa kunolewa huko, siku moja tu ya umilele itakuwa imepita.

Mjomba alipomaliza, mvua ilianza. Nyumba ilikuwa ya bati, na mvua ya Desemba juu ya bati haikubali mtu aseme. Tukakaa kimya watatu na ule mwamba. Mimi nimekulia Bugarika. Nyumba yetu ukuta mmoja ulikuwa jiwe lenyewe, na tuliotesha mboga penye udongo wa kujaa sufuria. Mwamba naujua. Niliuona ule wa kitabuni kama ninavyouona mkono wangu, nikamwona na ndege wake, mdogo, kama chiriku. Nikahesabu: kama bibi ana miaka 70, ndege huyo hajaja tangu bibi azaliwe, wala tangu bibi wa bibi. Nilipatwa na kizunguzungu ambacho sijakipata tena. Mvua ilipopungua bibi akauliza, "Na huyo ndege, hiyo miaka elfu yote anakula nini?" Mjomba akakitazama kitabu kwa muda mrefu, akageuza ukurasa, akarudi. Kisha akasema, "Mama, hawajaandika."

Tulisoma usiku kumi na saba. Najua idadi kwa sababu mafuta ya taa yalipimwa kwa kijiko, na bibi aliyahesabu.

Tulipofika Misri na Bonde la Nile mjomba alisimama. Aliniuliza mto huo unatoka wapi. Nikasema sijui. Akanishika mkono, usiku ule ule, akanitoa nje hadi mahali ambapo ziwa linasikika, akasema maji unayoyasikia yanapita Jinja kule Uganda, yanakwenda kaskazini, na yale mapiramidi yako kando yake. Tuliporudi ndani alichukua penseli akaandika pembeni mwa ukurasa: *Maji haya yanatoka kwetu.* Tangu usiku huo kila sura ilipata penseli yake. Kwenye mapinduzi ya viwanda ya Uingereza, kitabu kilipofika mashine za kusokota nyuzi, aliandika: *pamba*. Na akanieleza kwamba mashine ikishakuwa na njaa mtu atatafutwa mahali alime, na akanitajia Wasukuma, na babu yangu upande wa baba, na mizani ya ushirika.

Januari alinirudisha Mwanza yeye mwenyewe. Tuliposhuka hakunipeleka nyumbani moja kwa moja; alinipeleka kwenye Jiwe la Bismarck, karibu na kivuko cha Kamanga. Akaniambia nihesabu. Ghuba tuliyoivuka inaitwa kwa jina la Speke, Mwingereza aliyeliona ziwa hili mwaka 1858 akawatangazia wenzake kwamba amepata chanzo cha Nile. Ziwa lenyewe lina jina la malkia wake, ingawa wafanyabiashara Waarabu walishaliita Bahari ya Ukerewe. Na jiwe hili ni la Bismarck, mkuu wa serikali ya Ujerumani, ambaye hakuwahi kukanyaga Afrika, lakini aliwakaribisha wakubwa wa Ulaya nyumbani kwake Berlin kuanzia Novemba 1884 hadi Februari 1885, wakapanga masharti ya kujichukulia nchi zetu, na hakuna Mwafrika aliyekuwa na kiti. Akachukua kijiti akachora ziwa mchangani, akapitisha mstari juu yake, nyuzi 1 kusini mwa Ikweta, ule waliokubaliana Waingereza na Wajerumani mwaka 1890. Wavuvi ninaonunua kwao leo wanaujua mstari huo. Hauonekani majini, lakini ukiuvuka bila kujua, injini na nyavu zinaweza kubaki upande wa pili.

"Mama," mjomba aliniambia, ndivyo alivyozoea kuniita, "hayo yote kitabu kimeyapita kwa haraka. Ukikua uyaandike."

Sijayaandika. Nauza dagaa. Labda ndiyo maana swali lenu limenichoma.

Nimerudi kwenye sentensi zangu za mwanzo nikaona hazisimami vizuri. Niliandika kwamba mtoto aanze na nyumba yake, dunia itamkuta mlangoni. Lakini mimi niliijua nyumba yangu kwa kupitia mwamba wa mbali na mto wa Misri. Kama mjomba angeanza na Jiwe la Bismarck, ningeliona kama nilivyoliona siku zote, jiwe la ndege kutulia. Na hapo hapo siwezi kusema ni kitabu kilichonifungua macho, maana kitabu hicho hicho, bila mjomba, kingenifundisha kwamba dunia ni Ulaya na jirani zake, na Afrika ni Misri halafu kimya kirefu. Kina maneno ya enzi yake juu ya watu wasio Wazungu. Mengine mjomba aliyaruka, nikayakuta nilipokua, yakaniuma. Nakala yetu iliishia baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Mjomba aliendelea kwa mdomo: Waingereza walivyouchukua mji wa Mwanza kwa Wajerumani mwaka 1916, Vita vya Kagera dhidi ya Idi Amin, na ndege ya Libya, iliyomuunga mkono Amin, ile ya Machi 1979 iliyotumwa kuupiga mji, ikakosa, ikaua wanyama wa kisiwa cha Saanane.

Basi jibu langu, kwa shingo upande, ni hicho cha van Loon. Lakini asipewe mtoto peke yake. Akisome na mtu mzima anayekitoa kwa Kiswahili, na kama mtu huyo anajua Kisukuma, Kijita au Kikerewe, atumie. Watoto wetu wanasoma shule ya msingi kwa Kiswahili, wakifika kidato cha kwanza masomo mengi yanawageukia Kiingereza ghafla, wanakariri mapinduzi ya viwanda bila kujua kama ni ya bunduki au ya mashine. Na Kitereza awepo rafu moja, asomwe baadaye kidogo, labda miaka 15, ni kitabu kirefu. Barua za Nehru sijazimaliza, hivyo siwezi kuziweka juu wala chini, ila huwa nafikiri juu ya huyo baba gerezani kila ninaposafiri nikamwacha mwanangu kwa jirani.

Mjomba alishafariki. Kitabu ninacho, nusu. Mchwa walikula kuanzia Napoleon. Kitinda mimba wangu ana miaka 12, na tangu niliposoma swali lenu tumekuwa tukikisoma jioni, mimi na kamusi. Juzi tulifika Bonde la Nile, akaikuta penseli ya mjomba. Akasema mwalimu wao amewafundisha kwamba mafuriko yaliyokuwa yakiotesha ngano ya Misri, na udongo wake wa rutuba, yalitoka zaidi milima ya Ethiopia; maji ya kwetu ndiyo yanayoushikilia mto usikauke wakati wa kiangazi. Ni kweli. Mimi nililijua hilo miaka mingi na sikuthubutu kuligusa andiko lile.

Akaniomba penseli. Chini ya mwandiko wa mjomba akaandika, kwa herufi ndogo: *na Ethiopia.*