Kippur si filamu ya kwanza ya Amos Gitai

Je, Kippur ndiyo filamu ya kwanza ya Amos Gitai, mwongozaji filamu wa Israeli? Hapana, ilitoka mwaka 2000, na kufikia hapo Gitai alikuwa ameshafanya kazi miaka ishirini. Iliyomtambulisha ni Bayit, yaani Nyumba, filamu ya hali halisi ya 1980 kuhusu nyumba moja tu ya Jerusalem Magharibi. Hadi 1948 ilikuwa ya daktari Mpalestina, wakaja wapangaji Wayahudi kutoka Algeria, kisha akainunua profesa na kuanza kuijenga upya. Kamera inakaa karibu na mafundi Wapalestina wakichonga mawe kwa nyundo na patasi, nao wanaeleza wenyewe wanavyojisikia kumjengea mwenye nyumba huyo. Televisheni ya Israeli ndiyo iliyoiagiza, na ndiyo iliyokataa kuirusha. Alipomaliza nyingine, Field Diary (1982), kuhusu maeneo ya Wapalestina yaliyokaliwa na Israeli, mambo yalizidi kuwa magumu akahamia Paris, akarudi 1993.

Kinachowachanganya watu ni kwamba Kippur inasimulia mambo yaliyompata mapema zaidi. Oktoba 1973, akiwa mwanafunzi wa usanifu majengo, aliitwa kwenye Vita vya Yom Kippur, Israeli ikipigana na Misri na Syria, katika kikosi cha kuokoa majeruhi, na helikopta yao ikapigwa kombora la Syria. Tayari alikuwa akipiga picha za filamu kwa kikamera kidogo cha mkononi cha Super 8, kwa hiyo ukihesabu na vipande vile, hata Bayit si ya kwanza. Ukitaka ya kwanza ndefu yenye waigizaji, basi ni Esther ya 1986.

Bayit aliirudia mara mbili, 1998 na 2005, nyumba ileile. Anza na hiyo kabla ya Kippur.