Je, Biblia ilipigiwa kura Nikea?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni Mkatoliki, nina duka dogo Tandika. Nje ya duka kuna kijiwe cha bodaboda, na kijana mmoja pale anafuatilia sana video za dini kwenye simu. Anasema mwaka 325 mfalme Konstantino aliwaita maaskofu Nikea, wakapiga kura vitabu vipi viingie kwenye Biblia, vilivyoshindwa vikachomwa moto, na ndiyo maana hatuna Kitabu cha Henoko. Nilikosa la kumjibu. Ni kweli? Na nikikisoma hicho cha Henoko nitakuwa nimeingia kwenye uzushi?

JIBU: Marahaba. Kijana wako kapatia mwaka, kapatia mfalme, hata moto kaupatia. Alichokosea ni kilichochomwa.

Nikea ni mji wa Iznik wa leo, huko Uturuki. Walikutana maaskofu kama 300. Wakatoa kanuni ya imani, wakazungumzia tarehe ya Pasaka, wakaacha na kanuni 20 za nidhamu. Huwa nawasomesha wanafunzi wangu zote ishirini, na wengi husinzia kabla hatujafika kumi: kleri asikopeshe kwa riba, shemasi asimkomunishe padre, Jumapili watu wasali wamesimama. Orodha ya vitabu vya Biblia haimo.

Habari ya vitabu kushindanishwa inatoka kwenye maandishi ya Kigiriki ya mwishoni mwa karne ya 9, zaidi ya miaka 500 baadaye. Humo tunaambiwa vitabu viliwekwa pamoja penye altare, watu wakaomba, vya kweli vikakutwa juu na vya uongo chini. Karne ya 18, Voltaire wa Ufaransa akaichukua hadithi hiyo kuwacheka Wakristo. Kura zikaongezewa njiani mpaka zikafika kijiweni kwenu.

Lililowakutanisha hasa ni neno moja, nawe unalitamka kila Jumapili kwenye Nasadiki: “mwenye umungu mmoja na Baba.” Arius, padre wa Alexandria huko Misri, alifundisha kwamba Mwana ni mkuu kuliko viumbe vyote, lakini naye aliumbwa; palikuwa na wakati hayupo. Usidhani alikuwa mtu wa kubahatisha. Alikuwa na mistari yake, Mithali 8:22 na Yohane 14:28, na mafundisho yake aliyatungia mashairi ambayo, kwa maelezo ya zamani, yaliimbwa na mabaharia na wasaga nafaka. Wapinzani wake wakamfungia mlango kwa neno la Kigiriki homoousios, yaani wa uwamo mmoja, asili ile ile na Baba. Maaskofu kadhaa halikuwakaa vizuri, kwa sababu haliko popote katika Maandiko. Baadaye wengine wakapendekeza homoiousios, wa uwamo unaofanana. Tofauti ni herufi moja, i.

Sasa njoo kwenye moto. Arius alipelekwa uhamishoni, na baadaye Konstantino akaamuru maandishi yake yachomwe. Atakayekutwa kayaficha, auawe. Kwa hiyo vilivyoamriwa kuchomwa ni vitabu vya Arius mwenyewe. Halafu mfalme huyo huyo akageuka. Akamrudisha Arius, mwaka 335 akamfukuza Athanasius, askofu wa Alexandria na mtetezi mkubwa wa Nikea, na mwaka 337 akabatizwa karibu na kufa na Eusebius wa Nikomedia, rafiki wa Arius. Athanasius alifukuzwa mara tano kwa jumla. Mwaka 359 maaskofu, chini ya shinikizo la mfalme Constantius, mwana wa Konstantino, wakakubali kanuni ya imani isiyo na lile neno kabisa. Lilirudi kwa uthabiti Konstantinopoli mwaka 381. Miaka 56 hiyo! Mtu angeweza kulala ana imani sahihi akaamka mzushi, kwa sababu tu Ikulu kaingia mwingine. Ningekuwa mimi natengeneza video, ningeanzia hapa, maana hapa mkono wa serikali unaonekana bila kutunga chochote.

Na halikuwa jambo la wakubwa peke yao. Gregorio wa Nisa, askofu wa wakati ule, alilalamika kwamba Konstantinopoli ukiuliza bei ya mkate, muuzaji anakujibu kuwa Baba ni mkuu kuliko Mwana. Piga picha unaulizia bei ya mchele Kariakoo ukapewa jibu hilo, na foleni iko nyuma yako.

Kuhusu vitabu, vilijikusanya polepole kwa kusomwa makanisani. Kinachonichekesha ni kwamba orodha ya kwanza tunayoijua iliyofungwa kabisa ni ya mtu aliyehesabiwa mzushi: Marcion, aliyetengana na kanisa la Roma mwaka 144. Alibakiza Luka, tena kampunguza, na nyaraka kumi za Paulo. Vitabu 27 vya Agano Jipya, hivyo hivyo tulivyo navyo, tunavikuta katika barua ya Pasaka ya Athanasius ya mwaka 367. Hata baada ya hapo Wakristo wa Siria walisoma Biblia yenye vitabu 22, bila Ufunuo, na hakuna aliyewaita wazushi kwa sababu hiyo.

Henoko sasa. Hakikuchomwa Nikea. Waraka wa Yuda, mstari wa 14 na 15, unakinukuu, na Kanisa la Kiorthodoksi la Ethiopia linacho ndani ya Biblia yake hadi leo. Ni kwa Kigeez, lugha yao ya ibada, ndiyo tumekipata kikiwa kizima. Kwingineko kiliachwa kunakiliwa, kikapotea taratibu.

Kukisoma si uzushi. Sheria ya Kanisa lako, kanuni ya 751, inahitaji mambo mawili: uwe umebatizwa, na ukatae kwa ukaidi, au utilie shaka kwa ukaidi, ukweli ambao Kanisa linakutaka uusadiki. Kufungua kitabu hakumo. Kisome, ila anza na Yuda, ni sura moja tu; unaweza kuimaliza dukani kabla mteja hajaingia. Kijana akija jioni, mfungulie mstari wa 14.